Wazee wa Kuazima

Walibisha hodi saa nne kamili asubuhi. Hilo peke yake lilitosha kunishtua, maana tangu nizaliwe sijawahi kuona Watanzania wakifika kwenye posa saa ile ile waliyoahidi. Lakini mapenzi yana upofu wake. Mimi niliyekuwa nachungulia dirishani ghorofani, gauni nimelipiga pasi mara tatu, nilijiambia tu: tazama watu wa Ombeni wanavyotuheshimu.

Walikuwa watatu. Mbele alitangulia mzee mfupi mwenye koti la kijivu, kofia ameishika kifuani, akikohoa kikohozi kidogo cha watu wa heshima. Nyuma yake alikuja mwanamume mnene aliyebeba bahasha ya barua ndani ya kitambaa cheupe. Wa mwisho ni Ombeni mwenyewe, mrefu, mvi mbili tatu masikioni. Aliinua macho moja kwa moja hadi dirishani kwangu, akatabasamu. Moyo ulinipiga kama wa msichana wa miaka kumi na saba, na mimi nina thelathini na tatu.

Nyumba ilikuwa ya mjomba wangu Elkanah, hapa Laurel, Marekani. Mjomba ni kaka wa marehemu mama yangu, na ndiye mtu pekee wa damu yangu upande huu wa dunia. Ndiye aliyenipokea uwanja wa ndege mwaka 1992 nikiwa na sanduku moja, akanifundisha kupanda treni, akanitafutia kazi ya kuhudumia wazee kule Columbia. Kwa hiyo wiki mbili kabla ya siku hiyo, aliponiita na kuniambia maneno yafuatayo, sikuweza kuyachukulia kama utani.

"Domina, sina neno na umri wake. Sina neno hata na hiyo kazi yake ya kujifanya. Neno langu ni moja. Huyu bwana ana miaka ishirini Marekani na sijamsikia akitaja hata shangazi. Mtu ni watu. Akija na watu wake, tutazungumza. Akija peke yake, mlango huu hautafunguliwa. Na wewe ukimfuata mtu asiye na watu, mimi usinihesabu tena."

"Mjomba, unasema kweli?"

"Nimeshasema."

Ndiyo maana niliwaona wale wazee wawili kama malaika.

Ombeni alikuwa mwigizaji wa filamu. Msimfikirie yule anayembusu binti mwishoni. Yeye ni yule mwingine: mlinzi wa benki, mfungwa wa chumba cha jirani, balozi wa nchi isiyokuwepo kwenye ramani. Alikuja Fairfax mwaka 1978 kusomea uhandisi, akaingia kikundi cha maigizo cha chuo, na uhandisi ukaishia hapo hapo. Alikuwa ametokea katika filamu arobaini na sita, na katika thelathini na moja alikufa kabla hadithi haijafika nusu. Nilimhesabia mwenyewe. Watu waliujua uso wake bila kujua jina lake. Tukiwa dukani mama mmoja atasimama na kikapu chake, amtazame weee, mwisho amuulize kama hakuwahi kufanya kazi posta. Naye hujibu kwa upole wake, "Nimewahi, siku mbili," kwa sababu kweli aliwahi kuigiza tarishi kwa siku mbili, akapigwa risasi asubuhi ya siku ya tatu.

Tulikutana kazini kwangu. Alipewa sehemu ya mhudumu wa hospitali, akaja kuomba afundishwe kubadilisha shuka mgonjwa akiwa amelala juu yake. Wenzangu walicheka. Mimi nilimfundisha. Alirudi siku nne mfululizo, na siku ya nne shuka hakulihitaji tena. Filamu ilipotoka nilikwenda kuiangalia peke yangu, kwa kuwa yeye alikuwa jimbo lingine, amekufa tena. Alionekana sekunde kumi na moja, akikunja shuka kama nilivyomwelekeza. Sikuwa na mtu pembeni wa kumgusa kiwiko nimwambie, huyo ni wangu. Nililia pale kitini hadi taa zikawashwa.

Basi, sebuleni. Anti Rosemary, mke wa mjomba, alinizuia ngazini.

"Tulia kwanza, mwali hakimbilii mwenyewe. Wacha wazee waongee, nitaku-signal ulete chai."

Nikasikiliza kutoka jikoni.

"Tumepita njia hii," yule mzee mfupi alianza baada ya kukohoa, "tukaona ua limechanua ndani ya ua wako, ndugu yangu. Tukasema hatuwezi kupita kimya."

"Maua humu ndani ni mengi," mjomba alijibu, na nilijua kwa sauti yake kwamba ameshaanza kufurahi. "Mnasema lipi? Na kwanza nyie ni akina nani?"

"Mimi ni Mzee Mshana, baba mkubwa wa kijana huyu. Ni mzee wa kanisa, Msabato kutoka Suji, milima ya Upare. Nimekuja kumtembelea binti yangu hapo Fairfax, nikakuta jambo hili la heri. Huyu mwenzangu ni mjomba wake."

"Kabisa," alisema yule mnene.

"Msabato!" Mjomba, naye Msabato, karibu ainuke kitini. "Wa Suji! Rosemary, umesikia? Mzee wangu, mbona kijana wako alikuficha?"

"Vijana wa siku hizi," alisema mzee, akakohoa. "Wanatuonea haya."

Nilipoletwa na sinia la chai ya mchaichai, mambo yalikuwa yameiva. Mjomba alikuwa amevua miwani, na akivua miwani ujue amekubali. Yule mzee aliketi ukingoni mwa kochi kama anayeogopa kulichafua. Aliniita mwanangu, akaniuliza kama mikono yangu haichoki na kazi ya kunyanyua wazee. Hakuna aliyewahi kuniuliza hilo. Nilimpenda pale pale.

"Basi kabla hatujafungua barua," mjomba alisema, "baba mkubwa atuombee."

Tukafumba macho. Aliomba vizuri, nisimseme vibaya. Aliombea safari zetu, na waliobaki nyumbani, na wale waliopotea njiani wakasahau kurudi. Anti Rosemary alipenga kamasi. "Amina," tukaitikia wote, nikafumbua macho.

Mzee wa kanisa kutoka Suji alikuwa amefungua viganja vyake viwili mbele ya kifua, na sasa alikuwa akijipangusa navyo uso, taratibu, kutoka kwenye paji hadi kidevuni.

Mjomba naye alikuwa amefumbua macho. Aliivaa miwani.

"Mzee wangu," alisema. "Unasali kanisa lipi vile?"

Yule mzee aliganda, viganja bado viko mashavuni. Mikono iliyozoea jambo kwa miaka hamsini haiulizi ruhusa. Alimgeukia Ombeni, na Ombeni akatazama zulia.

"Buda," yule mnene alisema kwa huzuni, neno lake la kwanza la ziada siku ile, "tumeshikwa."

"Huyu naye ni Mkenya!" Anti Rosemary aliruka.

"Pole sana mama. Naitwa Kamande, naendesha teksi hapa DC. Tulikuwa tunajaza picha pamoja kwenye filamu, zile za watu wengi. Huyu jamaa ni mtu poa, haki ya nani."

Mzee mfupi alisimama, akaiweka kofia kifuani, na safari hii hakukohoa. "Mimi naitwa Khalfan, mtu wa Tanga, mpishi hotelini. Nakuomba radhi, bwana mkubwa. Asiye na mwana aeleke jiwe. Mwenzetu alikosa baba wa kumleta, akatubeba sisi. Niliona ni jambo la heri, sikuliona kama uongo."

"Uongo hauna heri," mjomba alisema kwa sauti ya chini, na mimi hiyo ndiyo ninayoiogopa. "Njia ya mwongo ni fupi. Wewe Ombeni, nilitaka watu wako, umeniletea sinema. Chukua barua yako. Chukua na wazee wako. Domina, wewe baki."

Sikubaki. Nilimkuta nje kando ya teksi ya Kamande. Wale wawili walikuwa wamejiweka mbali, wanatazama reli ya treni ng'ambo ya barabara kana kwamba inawahusu.

"Ombeni, mtu anaajiri baba?"

"Sikumwajiri. Nilimwomba."

"Ukamwandikia na maneno ya kusema?"

"Nilimwandikia."

"Na lile swali la mikono yangu, uliliandika wewe?"

"Hapana. Hilo ni lake mwenyewe."

"Umenidhalilisha mbele ya mtu wangu mmoja niliye naye! Mimi nilimpenda yule mzee, unaelewa? Nilishaanza kuwaza nitampikia nini. Na kile kikohozi! Kikohozi nacho ulimfundisha?"

"Kikohozi ni cha baba yangu," alisema. "Na kofia kuishika vile. Na kukaa ukingoni mwa kiti. Nilikaa na Khalfan jioni sita nikimwonyesha. Ile ya sita aliingia mlangoni, nikajikuta nimesimama wima, kama tulivyokuwa tunasimama baba akirudi. Domina, nilitaka umwone. Hata kwa uongo, nilitaka umwone mara moja."

Nilikuwa nimejiandalia matusi mengine matatu. Nikayaacha.

"Yuko wapi wa kweli?"

"Alifariki mwaka themanini na tisa. Telegramu ilinikuta jangwani, tuko kazini. Nilikuwa naigiza maiti. Siku nne nimelala chini ya turubai, kamera inanipita juu. Nikawaza, nikiondoka watapata maiti mwingine saa hiyo hiyo, na mimi hawataniita tena. Nikabaki. Kaka yangu mkubwa akaniandikia mstari mmoja, kwamba nisirudi. Nikamtii."

"Hujapiga simu miaka tisa?"

"Miaka tisa."

"Na mama yako?"

"Yuko Same mjini kwa mdogo wangu, Anna. Namba ya duka lake nilipewa na mtu." Alitoa kwenye pochi kikaratasi kilicholegea kwenye mikunjo. "Kila nikifika hoteli naiweka kando ya simu. Asubuhi nairudisha."

Nilipokitazama kile kikaratasi ndipo nilipoelewa upweke wa mtu niliyempenda. Mimi nilidhani upweke ni kurudi kazini ukakuta taa ulizozima mwenyewe. Kumbe kuna upweke wa mtu mwenye namba mfukoni.

"Kwao sasa hivi ni saa moja jioni," nilisema. "Twende ukapige."

"Nitasema nini?"

"Aa! Sasa unataka nani akuandikie?"

Nikamshika mkono, nikampitisha mlango wa nyuma. Anti Rosemary alikuwa akifunika masufuria ya pilau ambayo hakuna aliyekuwa na hamu nayo tena. Alitutazama, akafuta mikono, akachukua kadi ya simu juu ya friji na kunipa bila neno. Mjomba alitokea mlangoni.

"Huyu anafanya nini jikoni kwangu?"

"Anapiga simu kwao," nilisema.

Mjomba aliegemea mwimo wa mlango, mikono ameikunja.

Nilibonyeza zile namba zote ndefu mimi mwenyewe, kwa sababu vidole vya Ombeni vilikuwa havimtii. Simu iliita sana. Kisha sauti ya mwanamke ikapiga kelele kutoka Same, kama watu wanavyopiga kelele kwenye simu ya mbali, na jiko zima likasikia.

"Halo! Duka la Anna!"

"Anna," alisema. "Ni Ombeni."

"Ombeni yupi?"

Nilimwona akifumba macho. Mtu huyu alikufa mara thelathini na moja mbele ya watu, lakini sijui kama aliwahi kupigwa kama alivyopigwa na neno lile.

"Kaka yako."

Tulisikia redio ikizimwa huko dukani, na mlango ukifungwa.

"Kaka," sauti ilirudi, sasa ndogo. "Umepata habari ndiyo unapiga? Au unapiga tu?"

"Napiga tu. Nataka kuoa, Anna. Nataka mama aniombee kwa wakwe. Yupo hapo?"

"Kaka, upo na nani hapo?"

"Kwa nini?"

"Nijibu kwanza. Upo na nani?"

Aligeuka akatutazama mmoja mmoja. Mimi. Anti Rosemary. Mjomba kizingitini. Niliona akitafuta neno la kutuitia, na asilipate.

"Sipo na mtu," alisema.

Nilimnyang'anya simu. "Dada, yupo na mimi. Naitwa Domina."

"Wewe ni nani wake?"

Mjomba alikuwa ananitazama. "Mtu wake," nilisema.

"Haya wifi yangu, weka simu sikioni vizuri, nataka usikie peke yako." Alishusha sauti. "Mama hatunaye. Mwaka juzi, mwezi wa tatu. Tulimwandikia ile anwani ya Fairfax, barua ikarudi. Kila aliyetoka Marekani mama alimuuliza habari zake. Sasa usimwambie akiwa amesimama, wala usimwambie na njaa. Mpe chakula, ale, watu wawepo, ndipo umwambie polepole. Mimi siondoki hapa kwenye simu hadi mnipigie. Umenielewa, wifi?"

"Nimeelewa."

Nikaweka simu mahali pake. Ndivyo watu wetu wanavyofanya na habari ya kifo, na nilikusudia kufanya hivyo hivyo bila kukosea.

"Amesemaje?" Ombeni aliuliza.

"Laini imekatika. Anasema tule kwanza, tutapiga tena." Nilichukua sahani, nikapakua pilau, nikachagua na kipande kizuri cha nyama. Nilivuta kiti. "Kaa hapa ule. Tangu asubuhi hujala."

Alikaa. Alikula kijiko kimoja, akatafuna, akameza. Kisha akanitazama usoni, jinsi alivyonitazama mikono siku ile ya kwanza ya shuka.

"Domina," alisema taratibu. "Hupumui."

"Napumua. Kula."

"Huwezi kuniigizia mimi. Ni mama?"

Nilitaka kusema hapana. Machozi yalisema kabla yangu.

Hakupiga kelele. Katika zile filamu nimemwona akipiga kelele za kila namna. Jikoni kwa mjomba alikiweka kijiko pembeni mwa sahani, akalaza mikono yote miwili mezani, na mdomo ukafunguka bila sauti kutoka. Nilimkumbatia kichwa, na hata nilipomkumbatia nilihisi alikuwa mbali, mahali ambapo mimi sikufika na nisingeweza kufika.

Nilisikia kiti kikiburutwa. Mjomba alikuwa amekaa upande wake wa pili.

"Mama yako alikuwa anaitwa nani?" aliuliza.

"Namkunda."

"Namkunda," mjomba alirudia, kama anayejifunza. Kisha akainua kichwa. "Rosemary, wale wawili bado wako nje? Waite waingie. Mfiwa hawezi kukaa bila watu wake."

"Watu wake gani, Elkanah? Si umewafukuza?"

"Nimesema waite."

Khalfan aliingia amevua viatu, akaketi chini sakafuni miguuni pa Ombeni bila kuuliza chochote. Kamande alianza kusogeza makochi ukutani na kutandika mikeka. Nilimpigia Anna kumwambia kaka yake yupo na watu, kisha Anti Rosemary akashika simu, na simu ya Anti Rosemary ikianza haina breki: Columbia, Fairfax, Baltimore. "Njooni, tuna msiba. Ndiyo, hapa kwangu. Wa mama."

Alasiri magari yalikuwa yamejaa barabara nzima. Walikuja manesi wakiwa na sare zao, walikuja watu wa ubalozi, wakaja Wakenya wenye sufuria za githeri, yale makande yao, wote kumlilia mwanamke wa Same ambaye hakuna aliyewahi kumwona. Pilau la posa liliisha. Mjomba aliomba, na Khalfan naye akaomba, kila mtu kwa namna yake. Baadhi ya watu walimkazia macho mfiwa, wakijaribu kukumbuka wamemwona wapi. Ombeni alikaa mkekani katikati ya watu arobaini, na sitawadanganya kwamba watu arobaini walimtosha. Alikuwa ameelekeza uso ukutani. Aliyemtaka hakuwemo.

Nilijifunga kanga kiunoni, nikawa napita na sinia la vikombe. Karibu na mlango, nesi mmoja Mkenya aitwaye Nkatha, ambaye hatukuwahi kuonana, alinishika mkono.

"Pole sana, my dear. Na wewe ni nani wa mwenye kufiwa?"

Mjomba alikuwa hatua mbili kutoka hapo, anazungumza na Kamande. Nilimwona akinyamaza katikati ya sentensi. Nilijua akisema neno moja la kunikana mbele ya watu wale, nitalazimika kuvua ile kanga na kuchagua mlango mmoja maisha yangu yote.

"Mkewe," nilisema.

Nkatha alinibana mkono, akapita. Mimi nikasimama na sinia langu, nikingoja. Mjomba alinitazama, akamtazama Ombeni kule mkekani, akarudi kwangu.

"Domina," alisema. "Mpelekee mumeo maji."